Wati za Mdomoni: Historia Fupi ya Namba Inayodanganya Masikio

Wadau, leo tuiache siasa ipumzike kidogo. Nataka tuongee kuhusu wati. Ndiyo, wati hizi hizi zinazoandikwa kwa maandishi makubwa kwenye maboksi ya redio na sabufa, uwe Kariakoo au uwe Luthuli Avenue kule Nairobi. Wati 1,000. Wati 5,000. Wengine hawana hata haya, wanapiga 10,000 kabisa.

Sasa tufanye hesabu ya darasa la saba. Umeme wa nyumbani kwetu ni volti 230. Plagi ya kawaida ya pini tatu ina fyuzi ya ampia 13. Zidisha 230 kwa 13 unapata wati 2,990. Kitu chochote kitakachovuta zaidi ya hapo kwa muda, fyuzi inakwenda na maji. Je, hiyo redio ya wati 10,000 inazitoa wapi wati 7,000 za ziada? Inazikopa kwa jirani?

Jibu la swali hili lina historia ndefu kuliko unavyodhani. Na kinachonivutia mimi kama mwandishi wa habari ni kwamba historia yenyewe haikuanza na matapeli. Ilianza na watu wenye nia njema, wahandisi waliopenda muziki, ambao waliunda chama chao ili wawalinde wanunuzi dhidi ya uongo. Twende taratibu.

Turudi Marekani baada ya Vita vya Pili vya Dunia. Mwaka 1947 Mwingereza aitwaye D.T.N. Williamson alichapisha katika jarida la Wireless World mchoro wa amplifaya ya wati 15 iliyotoa sauti safi kuliko karibu kila kitu kilichokuwepo madukani. Mafundi wa pande zote mbili za Atlantiki wakaunda za kwao mezani. Mwaka 1948 kampuni ya Columbia ikaleta santuri ya LP, ile inayozunguka mara 33 na theluthi kwa dakika, na mwaka uliofuata RCA wakajibu na sahani ndogo ya mizunguko 45. Vijana waliofundishwa ufundi wa redio na rada jeshini walikuwa wamerudi nyumbani, wana ujuzi na wana hamu ya muziki. Hapo ndipo hai-fai, yaani sauti yenye uaminifu wa hali ya juu kwa ile iliyorekodiwa, ilipogeuka kutoka kuwa mchezo wa mafundi na kuwa biashara.

Waliofanya biashara hiyo walikuwa watu wachache na karakana ndogo. Avery Fisher, mpiga fidla wa kujifurahisha. Hermon Hosmer Scott. Frank McIntosh. Saul Marantz, aliyeanza kwa kujitengenezea kifaa cha nyumbani kwake. Sidney Harman na Bernard Kardon, walioanzisha kampuni yao mwaka 1953. Edgar Villchur, ambaye mwaka 1954 alianzisha Acoustic Research na kuuonyesha ulimwengu kwamba boksi dogo la spika lililozibwa kabisa linaweza kutoa besi nzito kushinda kabati zima. Hawa waliuza vifaa kimoja kimoja: amplifaya peke yake, gramafoni peke yake, spika peke yake, na mnunuzi anaunganisha mwenyewe.

Upande wa pili walikuwepo wakubwa, viwanda vilivyotengeneza radiogramu, yale makabati ya mbao yanayong'aa ambayo wazazi na babu zetu wengi wanayakumbuka, kila kitu ndani, yakiuzwa kwenye maduka makubwa pamoja na sofa.

Kabla hatujaenda kwenye wati, kuna mfano mmoja mzuri unaoonyesha kwa nini viwango ni jambo la maana. Santuri hairekodiwi ilivyo. Besi hupunguzwa wakati wa kuchonga mifereji, la sivyo mifereji ingekuwa mipana mno na sahani ingejaa haraka. Sauti nyembamba huongezwa, ili mkwaruzo wa sindano usizifunike. Ukicheza nyumbani, amplifaya hufanya kinyume chake na mambo yanarudi sawa. Tatizo ni kwamba kila kampuni ya santuri ilikuwa na kipimo chake cha kupunguza na kuongeza, hivyo amplifaya za miaka ile zilikuwa na vitufe vya kuchagua: huyu hivi, yule vile. Mwaka 1954 chama cha kampuni za santuri za Marekani, RIAA, kikapitisha mchoro mmoja kwa wote. Mchoro ule ndio unaotumika hadi leo. Ukinunua santuri mpya wiki hii, imechongwa kwa kanuni ya 1954. Hicho ndicho kiwango kinachofanya kazi: hakuna anayekikumbuka kwa sababu hakuna anayekikwepa.

Unajua kwa nini hakuna anayekikwepa? Kwa sababu anayekikwepa anaumia mwenyewe. Sahani yake itasikika vibaya kwenye mashine ya kila mtu. Kwenye wati ni kinyume. Anayekwepa ndiye anayefaidi. Shika hapo, tutarudi.

Kufikia katikati ya miaka ya 1950 neno hai-fai lilikuwa limeibiwa. Kila redio ya plastiki iliitwa hai-fai. Hata vipodozi viliuzwa kwa jina hilo. Wale watengenezaji wadogo wakaona watazamishwa. Wakajikusanya na kuunda chama chao, Institute of High Fidelity Manufacturers, ambacho baadaye kilifupisha jina na kujulikana zaidi kwa herufi tatu: IHF. Hoja yao ilikuwa rahisi. Kama neno hai-fai haliwezi kulindwa, basi tulinde vipimo. Tukubaliane jinsi ya kupima, ili mnunuzi akisoma namba za kampuni mbili awe analinganisha embe kwa embe.

Mwaka 1958 walitoa viwango vyao vya kwanza, kimoja cha kupima vipokea mawimbi ya redio na kingine cha kupima amplifaya. Na humo kwenye hicho cha amplifaya ndimo lilimojificha yai la nyoka. Lilikuwa na jina tamu: wati za muziki.

Hebu nieleze, maana hapa ndipo penye kiini. Amplifaya ina transfoma na kapasita zinazoilisha umeme. Ukiilazimisha kutoa mlio mmoja mkubwa bila kukatika, umeme wa ndani unaanza kushuka, kama bomba la maji mtaa mzima unapofungua kwa pamoja. Nguvu inayobaki baada ya kushuka ndiyo nguvu yake ya kudumu. Lakini muziki si mlio mmoja usiokatika. Muziki ni ngoma inayopiga paa, halafu kimya, halafu paa tena. Kwa ile nukta moja ya ngoma kupiga, kapasita bado zimejaa na umeme haujashuka, hivyo amplifaya inaweza kutoa nguvu zaidi kidogo. IHF wakasema, basi turuhusu kupima nguvu hiyo ya muda mfupi, kana kwamba umeme wa ndani haushuki kabisa.

Kisayansi hawakukosea. Hoja ni ya kweli kabisa. Ila waliwapa watu wa matangazo namba mbili kwa kifaa kimoja, ndogo na kubwa. Wewe ungekuwa meneja wa masoko ungeandika ipi kwenye boksi?

Viwango viliporekebishwa mwaka 1966 wazo lilibaki, na kule kwenye chama cha viwanda vikubwa vya elektroniki, EIA, walikuwa na wati zao za muziki zenye masharti laini zaidi, zilizoruhusu sauti kupotoka hadi asilimia 5. Asilimia 5 si hai-fai tena ndugu yangu, hiyo ni kipaza sauti cha kituo cha mabasi.

Mbinu zikaongezeka. Tuchukue amplifaya ya kubuni tu, ya kweli wati 20 kwa kila upande. Hatua ya kwanza, jumlisha pande mbili, useme wati 40. Hatua ya pili, tumia wati za muziki, tuseme zinaongeza robo, unapata 50. Hatua ya tatu, andika kwamba kipimo kinaweza kupungua au kuzidi kwa desibeli moja, jambo linaloonekana dogo, lakini desibeli moja juu ni asilimia 26, hivyo unafika 63. Hatua ya nne, badala ya wastani taja kilele cha wimbi, ambacho kihesabu ni mara mbili ya wastani. Wati 126! Kifaa ni kile kile, hakijaongezwa hata skrubu moja. Na kila hatua ina maelezo yake ya kitaalamu, hakuna mahali unapoweza kumkamata mtu na kusema hapa umedanganya.

Wajerumani wa Magharibi walichagua njia nyingine. Kiwango chao cha DIN 45500, kilichoanza kutoka miaka ya 1960, hakikuishia kwenye namna ya kupima. Kiliweka mstari wa chini: gramafoni, amplifaya, kinasa sauti na spika, kila kimoja na alama ya kufaulu. Usipofika, usijiite hai-fai. Hasara yake ni kwamba mstari wa chini ukikaa muda mrefu hugeuka kuwa mlango ulio wazi. Kadiri teknolojia ilivyopanda, vifaa vya kawaida kabisa vilifaulu, na alama ya DIN ikakosa uzito iliokuwa nao mwanzo. Ila angalau walijaribu kulilinda neno lenyewe.

Huku Marekani, hadi kufikia mwanzoni mwa miaka ya 1970, fujo ilikuwa imezidi. Ndipo serikali ikaingia. Tume ya Shirikisho ya Biashara, FTC, ilitangaza kanuni Mei 1974, ikaanza kufanya kazi Novemba mwaka huo huo. Kanuni ile haikuhusu ubora wa sauti. Ilihusu kusema kweli. Ukitaka kutaja wati za kifaa cha muziki cha nyumbani, taja wati za kudumu, kwa kila upande, pande zote zikifanya kazi kwa pamoja, useme ni kwa spika ya omu ngapi, kuanzia herzi ngapi hadi ngapi, na upotoshaji wa sauti haufiki zaidi ya asilimia ngapi. Yote katika sentensi moja. Meneja wa masoko kanyang'anywa kalamu.

Na kulikuwa na jaribio la moto, moto halisi. Kabla ya kupimwa, amplifaya ilitakiwa kufanya kazi saa nzima kwa theluthi moja ya nguvu inayojidai kuwa nayo. Kwa nini theluthi? Amplifaya nyingi za aina ile hazipati joto kali zaidi zikiwa wazi hadi mwisho, zinapata joto kali zikiwa karibu na hapo katikati. Wahandisi wakalalamika kwamba hakuna mtu anayesikiliza muziki namna hiyo, na walikuwa na hoja, maana kanuni ililazimisha vyuma vikubwa vya kupozea, na vyuma ni gharama. Miaka mingi baadaye, mwaka 2000, FTC walikubali kulegeza jaribio hilo hadi sehemu moja ya nane.

Sasa angalia kilichotokea. Wengi walidhani kanuni itaua biashara ya wati. Ikawa kinyume. Kwa kuwa namba sasa ilikuwa ya kweli, kampuni zikashindana kwa wati za kweli. Pioneer walitoa SX-1250 mwaka 1976, wati 160 kwa kila upande, na mwaka 1978 wakatoa SX-1980, wati 270 kwa kila upande, zito kweli kweli. Mashine zile za enzi hiyo bado zinatafutwa na wakusanyaji. Sheria haikuua ushindani, iliuhamisha kutoka kwenye boksi hadi ndani ya boksi. Kwangu mimi hili ndilo somo kubwa la habari nzima.

Lakini binadamu hakosi njia. Wati zilipofungwa, mashindano yakahamia kwenye asilimia ya upotoshaji. Huyu 0.1, yule 0.05, mwingine 0.01, ingawa sikio la kawaida haliwezi kutofautisha hizo. Tangu mwaka 1970 mhandisi wa Finland, Matti Otala, alikuwa ameonya kwamba amplifaya inaweza kupata alama nzuri sana kwenye mlio wa majaribio usiobadilika, halafu ikakosea pale muziki unaporuka ghafla. Mabishano juu ya hoja yake yaliendelea kwa miaka, ila onyo la msingi lilibaki: namba inaweza kuwa ya kweli na bado isikuambie unachotaka kujua.

IHF wenyewe walifanya jambo la kiungwana mwishoni. Kiwango chao cha 1978 kiliurudisha ule ukweli wa zamani wa nguvu ya muda mfupi, safari hii kwa adabu. Amplifaya ipigwe mlio wa sehemu 20 za elfu za sekunde, irudie kila nusu sekunde, na nguvu ya ziada itajwe kwa desibeli pembeni ya wati za kudumu. Isichukue nafasi yake. Yaani wazo la 1958 hatimaye likapata mavazi yanayolifaa, miaka 20 baadaye. Muda si mrefu chama kikamezwa na EIA, wale wale wakubwa, na mwaka 1981 kiwango kile kikatoka kwa jina la EIA. Chama cha wadogo kikaishia kwenye mfuko wa wakubwa.

Kazi yenyewe haikuisha. Tawi la vifaa vya walaji la EIA likaja kujitegemea kama CEA, na mwaka 2003 likatoa kiwango cha hiari kwa amplifaya za magari, ambako uongo wa wati ulikuwa umehamia. Na FTC, baada ya nusu karne, waliirekebisha kanuni yao mwaka 2024, wakaweka masharti yanayofanana kwa wote: omu 8, herzi 20 hadi 20,000, upotoshaji chini ya asilimia 1.

Sasa turudi kwetu. Kanuni ya FTC inaishia mpakani mwa Marekani. Kiwanda kinachotengeneza kwa ajili ya soko la dunia hakilazimiki kusema kweli mahali ambapo hakuna anayeuliza. Ndiyo maana kwenye redio za kaseti, spika za kompyuta na sabufa za bei nafuu zikaenea zile herufi nne, PMPO. Hizi hata si wati za muziki za 1958. Zile zilikuwa na kipimo, hizi hazina kiwango chochote kinachosema zipimwe vipi. Kila mtu anajipimia.

Si kwamba sisi hatuna vyombo. Shirika la viwango la Kenya, KEBS, lilianza kazi mwaka 1974, mwaka ule ule wa kanuni ya FTC. Tanzania ikafuata na sheria ya TBS mwaka 1975. Tanzania pia ina Sheria ya Ushindani ya mwaka 2003 inayokataza kumpotosha mlaji. Ila vyombo hivi vina chakula, saruji na nyaya za umeme za kuangalia, vitu vinavyoua. Namba ya uongo kwenye sabufa haiui mtu, inachukua tu mshahara wake wa mwezi. Kwa hiyo inabaki kazi ya mnunuzi.

Basi mnunuzi afanyeje? Geuza kifaa nyuma. Karibu na waya wa umeme kuna kibandiko kidogo kinachosema kinatumia wati ngapi. Kile hakiandikwi na watu wa masoko. Kama nyuma panasema wati 60, mbele hapawezi kutoa wati 1,000 kwa kudumu, hiyo ni sheria ya maumbile. Tafuta pia neno RMS, ambalo wahandisi wanalibishia kwa jina lakini madukani linamaanisha wati za kudumu. Na usizibabaikie sana hata hizo za kweli. Wati zikiongezeka maradufu sauti inapanda kwa desibeli 3 tu. Ili sikio lisikie kama sauti imekuwa mara mbili unahitaji takriban mara kumi ya wati. Spika nzuri kwenye wati 20 za kweli inaweza kumkimbiza jirani.

Alama mpya nazo zinakuja. Tangu 2014 chama cha sauti cha Japani, Japan Audio Society, kinatoa kibandiko cha dhahabu cha Hi-Res Audio, kwa masharti ambayo ni pamoja na kifaa kufikia herzi 40,000. Masharti yapo, yameandikwa, hilo ni jema. Ila sikio la kijana mzima linaishia kwenye herzi 20,000 hivi. Umeshajifunza swali la kuuliza: kipimo ni cha kweli sawa, lakini kinaniambia ninachotaka kujua?

Wahenga walisema kesi ya nyani usimpelekee ngedere. Siamini kwamba vyama vya wenye viwanda havifai kitu, RIAA ya 1954 inanikatalia. Vinafaa sana pale ambapo anayevunja kanuni anajiumiza mwenyewe. Pale ambapo anayevunja ndiye anayefaidi, kanuni ya hiari inamwadhibu mkweli: yeye anaandika 20, jirani yake rafuni anaandika 126, na mteja anachukua ya jirani. Wale wahandisi wa IHF hawakukosa uaminifu. Walikosa rungu. Na ukiangalia vizuri, habari hii inahusu mambo mengi zaidi ya redio. Inahusu kasi ya intaneti wanayotuuzia, ukubwa wa betri za simu, hata vyuo vinavyojipimia ubora wao wenyewe.

Naomba kuwasilisha. Na kabla ya kubisha, nenda kwanza kageuze redio yako nyuma.